INJINI ZINA MAJINA, WAFANYA KAZI JE?



Gari la moshi la zamani lapendwa sana, wala hilo si jambo la kubishania. Nendeni siku yo yote kwenye Makumbusho ya Reli ya Nairobi, yaliyofunguliwa mwaka 1971 karibu na stesheni kuu. Mtawakuta watoto wa shule wakipanda ngazi za injini, na wageni wa kutoka ng'ambo wakipiga picha mpaka wachoke. Injini zenyewe zilizimwa moto siku nyingi. Hazina maji, hazina mvuke, hazipigi filimbi. Hata hivyo mtu mzima huweka kiganja chake juu ya chuma kile baridi akanyamaza kidogo, kama mtu aliye mbele ya mzee wa heshima.

Sisi hatuyalaumu mapenzi hayo. Sisi wenyewe tunayo, na wengi wa wasomaji wetu ni wana na wajukuu wa watu wa Reli. Lakini twauliza swali moja tu, nalo ndilo lililotufanya tuandike leo: Katika mapenzi hayo yote, mfanya kazi amewekwa wapi?

MAJINA YALIYO KWENYE BAMBA

Injini za mvuke zilizokuwa na nguvu kuliko zote katika njia yetu ni zile za aina ya 59. Zilitengenezwa na kiwanda cha Beyer, Peacock, mjini Manchester, Uingereza, katika miaka ya 1955 na 1956, nazo zilikuwa 34. Kila moja ilikuwa na uzito wa tani 252 hivi, na urefu wa futi 104. Katika njia zote za dunia zenye upana wa mita moja, hapakuwa na injini ya mvuke iliyozishinda kwa nguvu.

Zilikuwa za mtindo wa Garratt. Boila moja nene ilikaa katikati, na mashine mbili zikaichukua, moja mbele na moja nyuma, kila moja na magurudumu yake. Kwenye kona mashine hizo zilijipinda, na injini ile ndefu ikapita kama jongoo. Uzito ulienezwa juu ya magurudumu mengi, reli zikaweza kuubeba, na treni ya tani 1,200 ikapandishwa kutoka Mombasa kwenye bahari mpaka Nairobi, zaidi ya futi 5,000 juu yake. Mwendo huo ni karibu maili 330, na sehemu kubwa yake ni kupanda tu.

Rangi yao ilikuwa damu ya mzee, na kila moja ilikuwa na jina lake kwenye bamba ubavuni. Majina hayo yalikuwa ya milima ya Afrika ya Mashariki. Mlima Kenya ulikuwemo, na Kilimanjaro ulikuwemo. Namba 5918, iliyoko makumbusho hata leo, yaitwa Mount Gelai, kwa jina la mlima ulioko Tanzania. Injini za aina ya 60 zilipewa majina ya Magavana, na mojawapo, namba 6006, iko makumbusho hapo hapo kwa jina la Sir Harold MacMichael, aliyekuwa Gavana wa Tanganyika. Injini za aina ya 29 zikapewa majina ya makabila.

Basi hesabuni wenyewe. Milima ilikumbukwa, Magavana walikumbukwa, makabila yalikumbukwa. Jina la mwenye kiwanda cha Manchester nalo likapata bamba lake. Hakuna aina hata moja ya injini iliyopewa majina ya watu walioziwasha moto, walioziosha, waliozitengeneza na waliozipandisha Mau usiku wa mvua. Mlima haujapata kutia mafuta kwenye injini hata siku moja, na Gavana vile vile.

KWA NINI MVUKE WAPENDWA

Wako wasemao kwamba watu wapenda injini za mvuke kwa sababu wapenda vitu vya kale. Hatukubali. Vitu vya kale ni vingi. Mbona hatujasikia mtu akipanda meli au ndege kuja kutazama mizani ya zamani ya posho?

Tena mapenzi haya si ya Kenya peke yake. Huko Wales, mwaka 1951, watu wa kujitolea waliichukua njia ndogo ya Talyllyn iliyokuwa karibu kufa, wakaiendesha wenyewe bila mshahara. Tarehe 11 Agosti 1968, Shirika la Reli la Uingereza lilipoendesha treni yake ya mwisho ya mvuke katika njia kuu, tiketi iliuzwa gini 15, fedha nyingi sana siku zile, na watu wakalipa. Huko India njia ndogo ya milimani ya Darjeeling iliandikwa mwaka 1999 katika orodha ya mali za dunia nzima zinazolindwa na UNESCO. Watu wa mataifa mbalimbali, wenye lugha mbalimbali, wanapenda kitu kimoja. Lazima iwepo sababu.

Sababu, kwa maoni yetu, ni kwamba injini ya mvuke haifichi kazi yake. Injini ya dizeli ni sanduku lililofungwa. Languruma, lakini hujui ndani mna nini. Ya mvuke iko wazi. Moto wauona, maji wayasikia yakichemka, mikono ya chuma waiona ikisukuma magurudumu. Ikipanda mlima, yahema. Ikishindwa, yateleza na kupiga kelele mpaka itiwe mchanga chini ya magurudumu. Ikiteremka, yapumua. Hata mtoto asiyejua kusoma ajua mara moja kama mzigo ni mzito au mwepesi. Mtu akiitazama aona kitu kinachofanya kazi kama yeye afanyavyo kazi, kwa jasho.

Kwa hiyo twasema, kinachopendwa katika gari la moshi ni kazi yenyewe. Na kama ni kazi inayopendwa, ni haki gani kuipenda kazi na kumsahau aliyeifanya?

KAZI ILIYOKUWA NYUMA YA MOSHI

Vijana wetu wa leo wafaa waelezwe kazi ile ilikuwaje, maana hawakuiona.

Injini ya mvuke haiwashwi kwa kugeuza ufunguo. Ikiwa baridi, yahitaji saa nyingi kabla haijapata mvuke wa kujisogeza. Kwa hiyo Loko haikulala. Usiku, abiria walipokuwa wakijifunika mablanketi, mtu alikuwa akiwasha moto polepole, maana moto ukipandishwa kwa haraka chuma hutanuka vibaya na boila huharibika. Mtu mwingine alikuwa akifuta mafuta na masizi. Mwingine alijaza mchanga na maji. Fundi alipita chini na taa akigonga chuma kwa nyundo na kusikiliza mlio, kwani chuma chenye ufa hakilii kama chuma kizima.

Maji yetu ya bara yana chumvi na chokaa. Yakichemka ndani ya boila siku baada ya siku, yaacha uchafu mgumu kama jiwe. Kwa hiyo kila baada ya muda boila lilipozwa, likafunguliwa na kuoshwa ndani, kisha likafungwa tena. Kazi hiyo ilikuwa ya maji, kutu na giza. Hakuna mgeni aliyepiga picha ya mwosha boila.

Njiani kulikuwa na dereva na faiamani, yaani mchochea moto. Zamani za kuni na makaa ya mawe, faiamani alikuwa mtu wa koleo, kutoka stesheni hata stesheni, uso kwenye moto na mgongo kwenye upepo. Baada ya Vita Kuu ya Pili injini nyingi zikageuzwa kuchoma mafuta mazito, na zile za 59 ziliundwa hivyo tangu mwanzo. Wako waliodhani kwamba faiamani sasa atakaa tu. Hawakujua. Kila dereva alipofungua mvuke au kuufunga, faiamani alipaswa kupunguza au kuongeza mafuta papo hapo. Aliusoma moshi kama karani asomavyo barua. Moshi mweusi mzito maana yake mafuta yapotea bure, na moshi ukitoweka kabisa huenda hewa baridi imezidi katika tanuri. Mara kwa mara alirusha mchanga ndani ya tanuri ili uvutwe na mvumo, upite katika mirija na kukwangua masizi.

Juu ya yote kulikuwa na kioo cha maji. Kioo hicho kidogo kilikuwa uhai wao. Maji yakishuka chini ya dari la tanuri, chuma hubaki na moto chini bila maji juu, huwa chekundu na kulegea. Hapo risasi iliyowekwa makusudi huyeyuka na kutoa onyo. Asiyesikia onyo hilo huenda asisikie jingine. Kwa hiyo watu wawili, katika joto, kelele na mtikisiko, usiku na mchana, waliangalia kioo hicho wakijua kwamba nyuma yao wamo mamia ya watu waliolala.

Na hao si wote. Kulikuwa na gadi nyuma ya treni, mtu wa pointi, na stesheni masta aliyeshika fimbo ya ruhusa bila kukosea. Kulikuwa na magenge ya njia, na nyapara wao akitembea kila siku juu ya mataruma kutazama kama msumari umelegea au mvua imekula udongo. Mtu wa genge alipumzika treni ilipopita, kisha akaishika sululu yake tena. Injini moja ilipita mara moja kwa sababu watu wengi walikuwa wamepita kwa miguu kabla yake.

WASIOHESABIWA

Mambo haya ya kusahauliwa hayakuanza na injini za 59. Yalianza na reli yenyewe.

Kazi ya kuijenga ilianza Mombasa mwaka 1896. Reli ilifika Nairobi mwaka 1899, na Desemba 1901 ikafika Ziwa Victoria, mahali paitwapo leo Kisumu. Mafundi na vibarua zaidi ya 30,000 waliletwa kutoka India. Karibu 2,500 kati yao walikufa kwa magonjwa na ajali na wanyama. Ukigawanya hesabu hiyo kwa urefu wa njia, wapata zaidi ya watu wanne kwa kila maili moja. Yeye apandaye treni kutoka Mombasa kwenda Kisumu na ajue kwamba anapita juu ya makaburi.

Lakini hao walau walihesabiwa. Mwaka 1898, pale Tsavo, simba wawili walikula wajenzi wa daraja kwa miezi mingi mpaka kazi ikasimama. J. H. Patterson, aliyewaua simba hao, aliandika habari zao katika kitabu chake kilichotoka mwaka 1907. Wahindi walioliwa alitaja kuwa ni 28. Waafrika je? Alisema walikuwa wengi, lakini hesabu yao rasmi haikuwekwa. Ndugu, lisomeni jambo hilo mara mbili. Simba wenyewe ngozi zao zilinunuliwa, wakajazwa na kuwekwa katika makumbusho ya Chicago, Marekani, wanakoonyeshwa hata leo. Waafrika walioliwa hawana hata namba.

Mwaka 1900, pale Kima, simba mwingine alimwua Bwana Ryall, ofisa wa polisi, ndani ya behewa. Behewa hilo limehifadhiwa Nairobi, na habari zake zasimuliwa kwa kila mgeni. Hatusemi liondolewe. Bwana Ryall alikuwa mtu, na kifo chake kilikuwa kibaya. Twasema tu kwamba kibarua aliyevutwa nje ya hema lake huko Tsavo naye alikuwa mtu, na aliyemzaa alimngoja.

SIKU NJEMA ZILIKUWA NJEMA KWA NANI?

Twasikia wazee na vijana wakisema, "Ah, siku za mvuke zilikuwa siku njema!" Kwa injini, ndiyo. Mwaka 1948 Reli za Kenya na Uganda ziliunganishwa na za Tanganyika, na ukawa mtandao mmoja mkubwa. Njia ya Uganda ilipita Timboroa, zaidi ya futi 9,000 juu ya bahari, ikafika Kampala mwaka 1931 na Kasese mwaka 1956. Pamba, kahawa, magadi, shaba, mahindi, vyote vilivutwa na mvuke. Huo ulikuwa ukubwa wa kweli, nasi twaona fahari.

Lakini mfanya kazi wa Kiafrika aliishi katika ukubwa huo kama mpishi aishivyo katika karamu. Mishahara iligawanywa kwa rangi: wa Mzungu, wa Mhindi na wa Mwafrika, kila mmoja na ngazi yake. Kiti cha dereva katika treni kubwa kwa miaka mingi kilikuwa cha Mzungu au Mhindi, hasa Singasinga, na Mwafrika akasimama kwenye moto. Huenda alijua kila mlima na kila kona, lakini kujua kwake hakukuandikwa katika karatasi ya mshahara. Mpaka mwaka 1947 alibeba kipande. Akisafiri, daraja lake lilikuwa la tatu, kwenye ubao.

Nao Wahindi tusiwasahau, maana mabwana walipenda tusahauliane. Walijenga njia, wakafia njiani, kisha wakawekwa katikati ili Mwafrika awaone wao tu, asimwone aliye juu yao. Makhan Singh, aliyeongoza chama cha kwanza kikubwa cha wafanya kazi wa rangi zote nchini, alikuwa mwana wa fundi wa Reli. Serikali ya kikoloni ilimweka kizuizini tangu 1950 hata 1961. Katika historia ya vyama vyetu aliyoitoa mwaka 1969 alionyesha kwamba watu wa Reli waligoma tangu mwaka 1900, yaani reli yenyewe haijafika ziwani.

Na mgomo ndio ulioonyesha ukweli wa injini. Tarehe 13 Januari 1947, Mombasa ilisimama. Watu wapata 15,000 wa bandari, Reli, mahoteli na majumbani waliacha kazi pamoja. Chama cha African Workers' Federation kikazaliwa katika mgomo huo, na Chege Kibachia, kiongozi wake, akakamatwa mwaka huo huo na kufungiwa mbali. Novemba 1959 wafanya kazi Waafrika wa Reli hapa Kenya waligoma. Mwaka uliofuata wenzetu wa Tanganyika waligoma siku 82.

Injini ya tani 252 isiyo na faiamani ni nini? Moto huzimika, mvuke huisha, maji hupoa, na kesho yake kuku waweza kulala juu yake. Wakubwa walijua hilo vizuri zaidi kuliko wapiga picha. Kwa hiyo asimwambie mtu mwanawe kwamba siku za mvuke zilikuwa njema kisha akanyamaza. Amalizie: zilikuwa za kazi njema iliyolipwa vibaya, na watu waliokataa.

MFANO WA MAREKANI

Msidhani ni sisi tu. Huko Marekani yuko dereva aliyepata sifa kuliko madereva wote wa dunia. Aliitwa Casey Jones, naye alikufa usiku wa tarehe 30 Aprili 1900, huko Vaughan, Mississippi, mkono wake ukiwa kwenye breki, ili abiria wapone. Alistahili sifa yake. Lakini wimbo uliomfanya ajulikane ulianzishwa na nani? Na Wallace Saunders, mtu mweusi aliyekuwa akifuta na kusafisha injini. Aliuimba kazini kwa ajili ya rafiki yake aliyekufa. Wengine wakauchukua, wakaubadili, wakauchapa mwaka 1909, na fedha zikawa zao.

Na faiamani wa Casey Jones, Sim Webb, mtu mweusi vile vile, alikuwa katika injini ile ile usiku ule ule. Dereva alimwambia aruke, akaruka na kupona. Wangapi wajuao jina lake?

Hata hivyo twajifunza jambo jema hapo. Majina ya Saunders na Webb twayajua leo kwa sababu wako watu waliokwenda kuuliza na kuandika. Asiyeulizwa hasemi, na asiyeandikwa hupotea.

MAJIBU KWA WANAOPINGA

Wako wanachama wanaosema: "Kazi ile ilikuwa chafu na ya hatari. Iacheni ife." Twajibu: imekwisha kufa, nasi hatutaki irudi. Dizeli za njia kuu zilianza kuja mwaka 1960, na kufikia mwanzo wa miaka ya 1980 mvuke ulikuwa umekwisha katika kazi ya kawaida ya Reli ya Kenya. Hatuombi mtu arudishwe kwenye koleo. Twaomba aliyelishika koleo aandikwe.

Wako wengine wasemao: "Reli ilikuwa ya mkoloni. Ya nini kuisifu?" Twajibu: mkoloni alileta mpango na amri, na chuma kilitoka ng'ambo. Lakini mpango haujachimba mtaro hata mmoja. Aliyechimba, aliyebeba, aliyetia moto, ni wetu. Tukimwachia mkoloni historia yote ya Reli kwa sababu ya hasira, tumempa mara ya pili kazi ya baba zetu, na safari hii hata mshahara mdogo hatukulipwa.

YA KUFANYA

Maneno matupu hayavuti behewa. Kijana aliyeingia Loko mwaka 1970 akiwa na miaka 20 sasa amepita miaka 70. Waliotangulia mbele yake ni wachache mno. Jumuiya ilivunjika mwaka 1977, na karatasi zikatawanyika. Mwaka 2006 Reli ilikodishwa kwa kampuni, na maelfu wakapunguzwa kazini, wakaondoka na masanduku yao. Kila mazishi tunayohudhuria yazika kitabu kisichoandikwa. Basi twapendekeza mambo manne.

Kwanza, kila tawi lichague watu wawili, kijana mmoja na mtu mzima mmoja, wawatembelee wazee wa Reli katika eneo lao. Waulize: Uliajiriwa mwaka gani? Kazi gani? Mshahara gani? Nani alikufundisha? Nani aliumia, na alilipwa nini? Waandike majibu kwa maneno ya mzee mwenyewe, kwa ruhusa yake, wala wasiyapambe. Wasiwasahau wajane na akina mama waliokaa katika nyumba za Reli, maana wao ndio walioamka usiku mgonga mlango alipokuja kumwita mtu kazini.

Pili, fungueni masanduku. Vipande vya zamani, vyeti vya kazi, kadi za chama, beji, picha za kikundi mbele ya injini, vyote ni ushahidi. Msitoe mali yenu bure kwa mtu msiyemjua. Pigeni picha nakala, ile ya asili ibaki nyumbani.

Tatu, chama kiwaendee wakuu wa Reli na wa makumbusho kwa adabu, na kiombe jambo moja dogo: kando ya kila injini kubwa liwekwe bango lenye majina na kazi za watu walioihudumia, kwa kadiri yatakavyopatikana, Mwafrika, Mhindi na Mzungu pamoja. Na pale penye behewa la Kima, liwekwe neno moja kuhusu wale wa Tsavo wasiohesabiwa. Hayo ni mbao na rangi tu. Pasipokuwa na fedha, wanachama waweza kuchanga.

Nne, ninyi vijana wa treni mpya ya Mombasa na Nairobi iliyofunguliwa mwaka 2017, na ninyi mnaoendelea na njia ya zamani ya mita moja, anzeni sasa kujiandika. Katika treni hiyo mpya tuliwaona mwaka huo huo wanawake wa Kenya wakishika usukani wa treni ya kwanza, jambo ambalo babu zetu hawakuliota. Je, baada ya miaka 60 majina yao yatajulikana, au itajulikana bei ya reli tu na jina la kampuni iliyoijenga? Wekeni orodha. Wekeni kumbukumbu za mikutano. Andikeni aliyeumia na aliyeshinda kesi. Msingoje makumbusho yawatafute.

NENO LA MWISHO

Hatutaki mtu aache kuipenda injini ya mvuke. Mpelekeni mtoto akaione. Mpandisheni ngazi, mwonyesheni kioo cha maji, tanuri na mahali pa dereva. Kisha mwambieni: hapa alisimama mtu, si mlima wala Gavana. Kama jina lake mwalijua, mtajieni. Kama hamlijui, mwambieni kwamba chama chetu kinalitafuta.

Waswahili wamesema, mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Wanyonge wa Reli walinyongwa vya kutosha. Haki yao iliyobaki ni ndogo, na iko mikononi mwetu.

Wenu katika umoja.